Kutoka Łódź Hadi Ochota, Nikimfuata Halina Machulska

Mwishoni mwa Novemba, saa kumi kasorobo alasiri, jua la Łódź limeshazama na wenyeji wala hawashtuki. Mjomba alinipokea kituoni akiwa na koti la ziada mkononi.

"Shikamoo, Mjomba."

"Marahaba, Mjomba. Vaa kwanza, mengine baadaye."

Yeye yuko Poland tangu 1984. Alikuja na mkoba mmoja, akapelekwa kujifunza lugha hapa hapa Łódź, kwenye chuo ambacho tangu miaka ya 1950 kimekuwa kikiwafundisha wageni Kipolandi kabla hawajasambazwa vyuo vingine. Baada ya hapo akaenda Warsaw kusomea uhandisi. Mimi ni mwalimu wa Kiswahili Tanga, na kwa kuwa naongoza kikundi cha maigizo shuleni, kila tukizungumza kwa simu alikuwa ananirudishia kisa kile kile: kwamba alipokuwa mwanafunzi aliingia ukumbi mmoja mdogo wa maigizo kwenye kitongoji cha Ochota, mchezo ukaisha, taa zikawashwa, na badala ya watu kuvaa makoti waende zao, wakaulizwa wameonaje. Hata yeye aliulizwa, na Kipolandi chake cha kuungaunga. Hajawahi kusahau. Ukumbi ule ulikuwa wa mke na mume, Halina na Jan Machulski.

Nilikuja kuona walikopita hao wawili, hasa mama. Mume sura yake inajulikana Poland nzima. Ndiye aliyecheza Kwinto, mpiga tarumbeta na fundi wa kufungua masefu ya benki, katika filamu ya *Vabank* ya 1981, iliyoongozwa na mtoto wao Juliusz. Miaka michache baadaye Juliusz huyo huyo akatoa *Seksmisja*, na Mjomba anasema watu walipanga foleni ya tiketi ndefu kuliko ya nyama, na nyama wakati huo ilikuwa kwa kadi ya mgao. Halina naye alikuwa mwigizaji na mwongozaji, lakini nguvu zake alizimwaga kwa vijana, na kazi ya namna hiyo haitangazwi kwenye mabango. Ukitaka kusikia jina lake, zungumza na walimu.

Łódź si mji wa kupendeza mara ya kwanza. Ni mji wa viwanda vya nguo, matofali mekundu kila upande, mabomba ya moshi yasiyotoa moshi tena. Mtaa wa Piotrkowska umenyooka kilomita nne na ushee, na Mjomba alinitembeza karibu wote kwa miguu akinionyesha kila mlango aliowahi kula pierogi. Nilitaka kufika mtaa wa Targowa, ilipo shule ya filamu. Tulifika. Roman Polański na Andrzej Wajda walisoma pale, na picha za wanafunzi waliokaa kwenye ngazi zake za mbao nimeziona vitabuni. Jan Machulski, mzaliwa wa mji huu wa 1928, alikuja kuwafundisha waigizaji katika shule hiyo kwa miaka mingi.

Wote wawili walisomea uigizaji Łódź, na sababu ya mji huu kuwa na shule za sanaa wakati ule ni ya kusikitisha. Vita vilipoisha 1945, Warsaw ilikuwa kifusi. Łódź ilikuwa imesimama. Kwa hiyo waandishi, waigizaji na walimu wa sanaa walihamia huku, na kwa muda mji wa mafundi cherehani ukawa ndiyo makao ya sanaa ya nchi. Kutoka hapo wahitimu walipangiwa kumbi za mikoani. Machulski walizunguka nazo. Juliusz alizaliwa Olsztyn, kaskazini, mwaka 1955, wazazi wakiwa kazini. Nilipendekeza tufike na Olsztyn. Mjomba aliangalia nyuzijoto za huko kwenye simu, akacheka, na mjadala ukaishia hapo.

Treni ya kwenda Warsaw inaondokea chini ya ardhi, kituo cha Fabryczna, kipya na kikubwa mno kwa abiria waliokuwamo. Mwendo ni saa moja na nusu hivi. Nje ni tambarare tupu, miti imepukutika, shamba linafuata shamba. Mjomba alilala. Mimi nilikuwa nasoma maelezo aliyonitafsiria kwa mkono kwenye daftari, mwandiko wake wa kihandisi, herufi zote zimesimama wima.

Teatr Ochota, ule ukumbi wa akina Machulski, ilianza 1970, na wenyewe waliiongoza mpaka 1996. Robo karne na ziada. Pamoja na jukwaa la waigizaji wa kazi, walifungua Ognisko, mahali pa vijana wa shule kuja baada ya masomo kujifunza maigizo. Lilikuwa mguu wa pili wa nyumba ile: jukwaa na darasa chini ya dari moja, mazungumzo baada ya onyesho yakiwaunganisha. Ukikumbuka hiyo ilikuwa Poland ya chama kimoja, ambako maandishi ya mchezo yalipita kwanza kwa mkaguzi wa serikali, utaona kwamba kumwuliza kijana wa miaka 16 mbele za watu "wewe unafikirije?" halikuwa jambo dogo. Mkaguzi angeweza kusoma mistari ya waigizaji, lakini majibu ya kijana yule hayakuwa yameandikwa popote.

Kitu cha kwanza unachokiona Warsaw ni Jumba la Utamaduni, mita 237, zawadi ya Stalin iliyokamilika 1955. Wapo wanaolichukia mpaka leo. Mimi lilinivutia kwa sababu ndani yake, ubavuni, kuna Teatr Lalka, ukumbi wa vikaragosi wa watoto. Mjomba alinisimamisha hapo nje. Pale tulipokuwa, kabla ya jumba kujengwa, palikuwa na mtaa wa Sienna, na kwenye mtaa huo, ndani ya ukuta wa geto walimofungiwa Wayahudi, ndipo yalipokuwa makao ya mwisho ya yatima wa daktari Janusz Korczak. Tarehe 18 Julai 1942 watoto wale waliigiza *Posta* ya Rabindranath Tagore, hadithi ya mtoto mgonjwa anayekaa dirishani akisubiri barua ya mfalme. Aliyewaongoza alikuwa msichana aliyeitwa Estera Winogron. Siku nne baadaye Wajerumani walianza kuwahamisha watu wa geto kwa treni. Mwanzoni mwa Agosti ikawa zamu ya watoto wa Korczak, karibu 200, na yeye mwenyewe, wakapelekwa kambi ya mauaji ya Treblinka.

Sikuwa nimepanga kufika hapo. Lakini sidhani unaweza kuelewa kwa nini watu wa mji huu huona maigizo ya watoto ni jambo zito bila kusimama mahali pale kidogo. Kwetu mtu akisema "michezo ya watoto" huwa ameshaipuuza.

Tramu namba 9 inapita Jerozolimskie, inakata kushoto, inaingia Grójecka. Tulishuka uwanja wa Narutowicza. Upande mmoja kanisa la matofali, upande mwingine bweni kubwa la wanafunzi wa Politechnika, ambamo Mjomba aliishi. Akanionyesha dirisha lake, ghorofa ya tatu, kisha akabadili mawazo, akasema ni lile la pembeni. Chakula tulikula kwenye baa ya maziwa, zile kantini za bei nafuu zinazopata ruzuku ya serikali: supu ya żurek, yenye uchachu wa unga wa rai, nafaka ya jamii ya ngano, uliochachushwa, na yai la kuchemsha ndani yake. Nyuma ya dirisha la jikoni mama mmoja anaita chakula kwa sauti ya kondakta wa daladala. Usiposikia, shauri yako.

Mtaa wa Reja ni wa utulivu, wa kupita watu na mbwa wao. Ukumbi uko namba 9. Ukitegemea nguzo na ngazi za marumaru utapita bila kuuona. Mjomba alisimama mbele ya mlango akawa anajaribu kukumbuka mchezo aliouona siku ile ulikuwa upi, na hakuukumbuka. Alichokumbuka ni swali aliloulizwa na jibu alilolitoa. Nikamwambia huo ndio ushahidi niliouhitaji.

Jioni tulialikwa kwenye warsha ya vijana, nyumba ya utamaduni isiyo mbali na hapo. Mwezeshaji ni mama wa makamo ambaye alipokuwa shule alipita Ognisko. Kabla ya kuanza alinieleza kitu ambacho sikukijua: kwamba Machulska hakuishia kwenye kuandaa waigizaji. Alikuwa mstari wa mbele kuwaletea walimu wa Poland mbinu iliyokulia kwenye shule za Uingereza kwa watu kama Dorothy Heathcote, ambayo hapa huitwa drama tu. Haina jukwaa wala watazamaji. Mwalimu mwenyewe anaingia katika uhusika, wanafunzi wanaingia katika wao, wanapewa hali fulani, na somo linatoka humo, liwe historia, fasihi au uraia. Hakuna wa kukariri mistari, kwa hiyo hakuna wa kuisahau.

Nikaiona. Vijana kumi na kitu, viti vimesukumwa ukutani. Mama yule alitoka nje akarudi amevaa kofia ya kazi na ameshika sanduku kuukuu la nguo. Akaliweka katikati ya sakafu. Sauti yake ilikuwa imebadilika, kavu, ya ofisini. Akasema yeye ni karani wa vitu vilivyopotea kituo cha treni, sanduku hili limekaa muda mrefu, kanuni zinasema lifunguliwe au litupwe, na wao ni kamati. Waamue.

Kukawa na kucheka kwanza. Kijana mmoja mrefu, vyuma mdomoni, akasema lifunguliwe, huenda kuna pesa. Mwingine akadai ni bomu. Karani akaandika kila kitu kwenye daftari kwa uso mkavu, "bomu, naandika," na ule uandishi wake ukawafanya waanze kupima maneno. Binti wa miwani akauliza mwenyewe alishuka kituo gani. Karani hajui. Je, alikuwa anakwenda au anarudi? Karani akageuza swali: "Kamati inaonaje?"

Kulikuwa na msichana wa Kiukraine, kama walivyo wengi sasa kwenye shule za Warsaw, ambaye muda wote alikuwa ameegemea ukuta. Akasema, Mjomba akinitafsiria sikioni: "Msilifungue. Mwenyewe atarudi."

Hapa mimi ningeharibu. Ningemsifu, ningemwambia darasa limpigie makofi. Karani aliinua tu kalamu: "Atarudi lini? Niandike tarehe gani?"

Msichana akafikiri. Akasema hawezi kutoa tarehe, lakini gharama ya kulihifadhi atalipa yeye. Kijana wa vyuma akauliza kwa nini alipe kitu kisicho chake. Mabishano yakaanza hapo, ya kweli, yakaenda mpaka karani alipovua kofia. Sanduku halikufunguliwa. Baadaye nililinyanyua mwenyewe: jepesi, tupu.

Tulipokuwa tunakunywa chai, mama yule akanitaka nami nisimulie yetu. Nilianza na fahari, na fahari ipo. Nilimweleza kwamba Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, mwaka 1996, akina Penina Mlama na Amandina Lihamba walianzisha TUSEME, wasichana wa sekondari wakitumia maigizo kuchambua wenyewe yanayowakwamisha shuleni. Lihamba ni mwigizaji na mwongozaji pia, kama Machulska. Macho yakamwangaza, akaandika majina yote mawili.

Halafu akauliza: na shuleni kwako?

Basi nikamsimulia igizo la mahafali. Unalijua hata kama hukusoma Tanga: binti, bodaboda, chipsi, mimba, baba kafura, majuto, na mwishoni wahusika wote wanajipanga mstari mbele ya mgeni rasmi kusema kwa pamoja kwamba elimu ni ufunguo wa maisha. Mgeni rasmi anaahidi mifuko ya saruji. Makofi. Mjomba alitafsiri "mgeni rasmi" kwa sentensi tatu.

Mama alisikiliza mpaka mwisho. "Huyo binti," akauliza, "anasema nini?"

Nikajaribu kukumbuka. Baba ana hotuba ndefu, mwalimu mkuu wa kwenye igizo ana hotuba, mwenye bodaboda ana vichekesho vyote. Binti analia, na kuna mahali anasema "nisameheni wazazi wangu".

"Na wanafunzi walioketi, nani huwauliza kama wanakubaliana na baba?"

Kwenye tramu ya kurudi kituoni mimi na Mjomba tulilibishania hilo. Yeye anataka mwaka huu nifute ule mstari wa mwisho, niwashe taa, nimpe kipaza sauti kidato cha tatu. Mimi namjua mkuu wangu wa shule, najua na ratiba ya mahafali ilivyobanana kati ya kwaya, risala na chakula. Nikamwambia nitaanza na Jumatano, siku ya klabu, bila wageni, na badala ya sanduku nitachukua begi la shule lililookotwa njiani. Mjomba akasema Jumatano ni woga. Nikamjibu yeye alipoulizwa pale Reja hakuwa mbele ya mkuu wa wilaya.