Gemu haifunguki, Windows inalalamikia VCRUNTIME140.dll

Ukibofya gemu ukaambiwa VCRUNTIME140.dll au MSVCP140.dll haipatikani, tafadhali usiipakue faili hiyo peke yake kwenye tovuti usiyoijua. Virusi hupitia hapo hapo. Faili hizo ni sehemu ya Visual C++ Redistributable, kifurushi cha bure cha Microsoft. Sakinisha matoleo mawili, x86 (la biti 32) na x64 (la biti 64), hata kama kompyuta yako ni ya biti 64: gemu nyingi za zamani ni za biti 32, nazo hutafuta x86. Kisha zima kompyuta na uiwashe upya. Wenye Steam, chungulieni kwanza folda ya steamapps/common/Steamworks Shared/_CommonRedist. Mara nyingi visakinishi vimo humo tayari, na bando lenu litabaki salama.