Jioni Tuliyomtazama Miyaguchi

Projekta ilipowaka, mwalimu wetu wa maigizo alitupa sharti moja: "Wanangu, leo msimwangalie Mifune." Filamu ilikuwa Seven Samurai ya Mjapani Akira Kurosawa, ya 1954, dakika 207, kuhusu samurai saba, wapiganaji wa upanga, wanaokilinda kijiji dhidi ya majambazi, na sote tulikuwa tumekuja kumwona nyota wake, Toshiro Mifune. Mwalimu alitutaka tumfuate Kyuzo, yule mpiga upanga mkimya.

Kyuzo anaigizwa na Seiji Miyaguchi, mtu wa jukwaani kutoka kundi la maigizo la Bungaku-za. Mwanzoni nafasi hiyo ilikusudiwa Mifune. Waandishi wakaona samurai wao wote ni watulivu mno, hakuna wa kuchangamsha kijiji, wakambunia Mifune mhusika mwingine, Kikuchiyo. Kyuzo akapewa Miyaguchi, ambaye upanga hakuuzoea kabisa.

Pambano lake la kwanza tulilitazama mara tatu. Mara ya kwanza na sauti, mara ya pili bila sauti. Mara ya tatu mwalimu alimziba mpinzani kwa kipande cha kadibodi, akikisogeza kila mtu yule alipohama. Hapo ndipo nilipoona. Mpinzani anapiga kelele na kujitutumua. Miyaguchi anajipanga, anatulia, anangoja, kisha anapiga pigo moja. Ustadi asiokuwa nao mkononi ameuweka kwenye kungoja.

Mwigizaji msaidizi mwenye maneno machache hupatwa na tamaa ya kujaza pengo: anakuna shingo, anarekebisha mkanda, anageuza shingo mwenzake akiwa katikati ya sentensi. Jicho la mtazamaji hukimbilia kinachotikisika, na sentensi ya mwenzake inapotea. Sisi sote tulikuwa na ugonjwa huo.

Kisha likaja lile tukio la alfajiri. Kyuzo anatokea kwenye ukungu na bunduki aliyowanyang'anya majambazi, anaikabidhi, anasema ameua wawili, anakwenda kuketi na upanga wake ili alale. Katsushiro, samurai kijana wa kundi, anamkodolea macho, halafu anamwambia yeye ni mtu wa ajabu kweli. Miyaguchi anajibu kwa tabasamu dogo sana, la pembeni ya mdomo, basi. Mwalimu alisimamisha picha hapohapo. Ukuu wa Kyuzo tunausoma usoni mwa kijana. Miyaguchi kazi yake ni kutouharibu.

Nafasi hiyo ilimpa Miyaguchi tuzo ya filamu ya Mainichi, ya Japani, ya mwigizaji bora msaidizi. Mtu huyohuyo ndiye bosi wa wahuni katika Ikiru, filamu nyingine ya Kurosawa, ya 1952, na katika Nagareru ya Mikio Naruse, 1956, ni mjomba anayekuja kudai pesa kwenye nyumba ya geisha, wanawake wa Kijapani wanaoburudisha wageni kwa muziki na ngoma. Ukimtazama huko baada ya Kyuzo, utadhani ni watu watatu.

Majambazi walikuwa na bunduki tatu. Moja aliileta Kyuzo, ya pili Kikuchiyo. Ile ya tatu ndiyo iliyomuua Kyuzo, kwenye mvua na matope, na mwalimu aliiacha filamu iende mpaka mwisho bila kusema neno.