Debe la nane

Mwezi wa sita, ukungu wa Isongole hauondoki kabla ya saa nne. Asubuhi ile nilisimamisha kamera kwenye stendi pembeni ya shamba la mama, nikaiwasha, nikaiacha.

Nilikuwa nimejiwekea sharti. Mwaka 1895 ndugu wawili wa Ufaransa, akina Lumière, waliweka kamera mbele ya lango la kiwanda chao mjini Lyon, wakanasa wafanyakazi wakitoka. Haikufika dakika moja, na kamera haikusogea. Nami nilitaka filamu fupi ya majaribio ya namna hiyo, ya siku ya kawaida pale nyumbani: hakuna muziki, hakuna msimulizi, kamera haigeuki. Mama anapepeta maharage. Kuku mlangoni. Viazi vinafungashwa.

Kipande cha viazi kilichukua dakika 11. Vijana wa dalali wanamimina debe, wanashindilia, wanamimina tena mpaka gunia linafura, kisha wanasuka kamba kushikilia kilima cha juu. Lumbesa, kama kila msimu. Rafiki aliyenisaidia kuhariri alitaka nikipunguze. "Nani ataangalia gunia dakika zote hizo?" Nilikaribia kumsikiliza.

Jumamosi tukatundika shuka ukutani, tukaazima projekta na jenereta. Majirani wakaja wamejifunika mablanketi. Kwa kuku walicheka. Kwa maharage, mama mkubwa alilalamika kwamba mdogo wake hajajua kupepeta hadi leo.

Lilipofika gunia, wakanyamaza. Kisha mama mmoja huko nyuma akaanza kuhesabu, taratibu, kila debe lilipoinuliwa. Wengine wakadakia. Tatu. Nne. Tano. Sita. Hapo sauti zikakatika, maana bei tuliyopatana ilikuwa ya gunia la debe 6. Mikono kwenye shuka haikukatika. Saba. Nane.

Kwamba gunia lisizidi kilo 100 tulikuwa tunasikia tu. Shambani nani ahesabu? Huyu anachambua, yule anabeba, mwingine anabishania bei, na lori linapiga honi barabarani. Kamera haikuwa na kazi nyingine.

Mama alikuwa mbele kabisa, kwenye kigoda. Hakugeuka.

"Rudisha nyuma, mwanangu."

Nikarudisha. Mara hii akahesabu yeye.