Miezi 48 ya Baba

Baba alistaafu jeshini mwaka 2011 akiwa sajini. Mafao yake yalitusumbua miaka, lakini siku ninayoikumbuka kuliko zote ni ile aliyokataa kutia sahihi.

Tulitoka Bombo baada ya sala ya alfajiri, tukapanda teksi ya Kampala. Nilikuwa nimeomba ruhusa shuleni ninakofundisha kwa sababu macho ya Baba yalikuwa yamedhoofika, na karatasi za hesabu zina maandishi madogo. Alibeba hati yake ya kuachishwa jeshi, kitambulisho cha taifa na barua ya mwenyekiti wa LC1, yaani baraza la kijiji. Shati alilipiga pasi mwenyewe. Hakuna aliyeruhusiwa kuligusa.

Ofisini tulingoja mpaka saa saba mchana. Karani, kijana mpole, akasogeza karatasi mbele. "Mzee, hesabu yako iko tayari. Tia sahihi hapa, pesa itaingia benki."

Nikasoma kwa sauti. Nilipofika kwenye tarehe ya kuandikishwa, Baba akanishika mkono. "Rudia."

"Mei 1990."

Baba aliingia NRA, jeshi la Museveni, Mei 1986, miezi michache tu baada ya jeshi hilo kuiteka Kampala tarehe 26 Januari. Anavyosimulia yeye, siku zile majina yao yaliandikwa kwenye daftari la kikosi, na namba ya jeshi akaipata baadaye sana. Faili lake likaanza kuhesabu tangu siku ya namba. Pensheni yetu Uganda huhesabiwa kwa miezi: miezi ya utumishi mara mshahara wa mwaka, kisha unagawa kwa 500. Ukifuta miezi 48, hesabu ya pensheni ya mtu inapungua kwa karibu sehemu ya kumi ya mshahara wake wa mwaka, na kiinua mgongo kinapungua vilevile. Hata mjane wake angekuja kulipwa kwa hesabu hiyo hiyo pungufu.

Baba akakunja suruali mpaka juu ya goti la kushoto. Kovu lilikuwa pale, limeng'aa, refu kama kidole. "Risasi hii niliipata Teso, 1988. Nilikuwa nani siku hiyo? Mchuuzi?"

Karani aliliangalia kwa heshima, namshukuru kwa hilo. Akasema taratibu, "Afande, kovu halina tarehe."

Nyumbani Mama alikuwa na sukari, na dawa tulikuwa tunanunua kwa mkopo. Nikamnong'oneza Baba achukue kwanza hizo zilizopo, mengine tutadai mbele ya safari. Hakunikasirikia. "Mwanangu, nikitia sahihi hapa nimesema 1986 sikuwapo. Na wale niliowazika, walikufa wakiwa na nani?"

Tukatoka bila kitu.

Karani alikuwa ametuambia kwamba watu wawili wa kikosi kimoja na Baba wakiapa, faili linaweza kufunguliwa upya. Tukiwa bado getini Baba akampigia simu mwenzake wa Masindi, mmoja wa wale askari zaidi ya 30,000 waliopunguzwa kati ya 1992 na 1995 kwa msaada wa Benki ya Dunia. Yule mzee alirudishwa kijijini na mabati, majembe na mbegu, na pensheni hana. Hata hivyo alikuja Kampala kwa nauli yake akaapa mbele ya wakili kwa ajili ya miezi ya mtu mwingine. Shahidi wa pili alikuwa bado kazini, naye akaja na magwanda yake.

Sijaacha kuamini kwamba mzigo ule haukuwa wa wazee hawa kuubeba. Aliyewaandikisha ndiye aliyepaswa kutunza daftari. Mwanajeshi haendi vitani na mashahidi mfukoni.

Jibu lilichelewa, na lilipokuja lilikubali miezi 36: tarehe ikasogezwa hadi Mei 1987. Kwa nini mwaka mmoja ulibaki nje, hakuna aliyetueleza. Mama alikuwa amelazwa, kwa hiyo safari hii Baba alitia sahihi. Chini yake akaandika kwa herufi kubwa: "NIMEPOKEA. 1986 NILIKUWAPO."

Miezi 12 iliyobaki bado tunaidai. Barua naandika mimi, sahihi anatia yeye.