Kurudishiwa pesa ya gemu ukiwa Lubumbashi: uliza kwanza ulilipa kwa kadi ya nani

Mtu aliyenunua gemu Steam, duka la mtandaoni la gemu za kompyuta, akiwa Kamalondo hapa Lubumbashi, anafuata kanuni ileile na aliyenunua akiwa Paris: omba ndani ya siku 14 tangu ununue, na uwe umecheza chini ya dakika 120. Kanuni hiyo ipo tangu Juni 2015, na ukiitimiza hakuna anayebishana nawe. Kinachowakwamisha watu wa hapa ni kitu kingine kabisa. Pesa hurudi kwa njia iliyoendea, na hapa kwetu njia hiyo mara nyingi ni simu au kadi ya mtu mwingine.

Ukilipa kwa kadi yako mwenyewe ya benki, yenye akaunti ya dola, huna shida kubwa. Steam huonyesha bei za Kongo kwa dola, kwa hiyo kinachotoka na kinachorudi ni kiasi kilekile. Kadi ikiwa imefungwa kwenye akaunti ya franka, benki hubadilisha pesa mara mbili: siku ya kununua kwa bei moja, siku ya kurudisha kwa bei nyingine, na ada ya kubadilisha haikurudii. Kwa gemu ya dola 10 utaona senti chache tu zimepotea. Kwa gemu ya dola 70 utaanza kuuliza maswali kaunta, na karani atakuwa na haki ya kukwambia hakuna kosa lililofanyika.

Kadi za kidijitali zinazojazwa kutoka kwenye pesa ya simu zinahitaji uangalifu zaidi. Nyingine hutengenezwa kwa malipo mamoja tu, nyingine mtu huzifuta mwenyewe baada ya kununua ili asiibiwe. Tabia nzuri hiyo, lakini hapa inageuka kuwa tatizo: duka likirudisha pesa kwenye namba iliyokufa, pesa inaweza kukwama kati ya benki na mtoa kadi, na kila upande utakutuma kwa mwenzake. Basi usifute kadi hadi siku 14 zipite, au hadi uhakikishe gemu unaitaka kweli. Piga picha ya skrini yenye tarakimu nne za mwisho za kadi pamoja na barua pepe ya malipo. Kama kadi tayari imekufa, wakati wa kuomba usichague pesa irudi kwenye kadi. Chagua pochi ya Steam, yaani salio la pesa lililo ndani ya akaunti yako. Huko inaingia kamili, na unaweza kununulia gemu nyingine siku hiyohiyo.

Njia ya tatu ya kulipa ndiyo iliyozoeleka zaidi mjini. Unampa kijana wa duka la simu dola zako, analipa kwa kadi yake, anachukua kamisheni. Au ndugu aliye Lusaka au Ubelgiji ndiye anayeweka namba za kadi. Ukiomba pesa irudi kwenye kadi, itarudi kwa mwenye kadi, na Steam haina habari na makubaliano yenu. Kamisheni nayo imekwenda moja kwa moja. Kwa malipo ya namna hii pia, pochi ndilo jibu la busara, isipokuwa kama mwenye kadi mnaelewana vizuri na uko tayari kumngoja. Na kama alikununulia gemu kama zawadi kutoka akaunti yake, ujue hivi: zawadi uliyokwisha kuipokea inaweza kurudishwa kwa masharti yaleyale ya siku 14 na dakika 120, lakini wewe uliyepokea ndiye unayeanzisha ombi, na pesa inaenda kwa aliyelipa. Haigeuki kuwa yako.

Zimebaki namba zinazouzwa kwa WhatsApp, na hapo lazima utenganishe bidhaa mbili ambazo wauzaji huzichanganya kwa jina moja la "kode". Namba za kujaza pochi ya Steam zikishaingizwa haziwezi kugeuzwa pesa tena, lakini gemu utakayonunua kwa pesa hiyo ya pochi inarudishika kama gemu nyingine yoyote, na pesa inarudi kwenye pochi. Ufunguo wa gemu yenyewe, ulionunuliwa nje ya duka, Steam hairudishi hata shilingi, hata kama hujawahi kuifungua. Si wao waliokuuzia. Mtu wa kudaiwa ni aliyekuuzia, na ni wachache watakaokujibu baada ya wiki. Wauzaji hupenda kuuza ufunguo kwa sababu bei yake huonekana ya chini, lakini unaponunua gemu usiyoijua, hasa kwenye kompyuta ya zamani, tofauti ya dola tatu ndiyo bei ya kupoteza haki ya kurudisha. Nunua namba za pochi, kisha gemu uinunue mwenyewe.

Sasa muda. Zile dakika 120 hazihesabu kupakua kunakofanywa na Steam yenyewe. Zinahesabu muda gemu ilipokuwa wazi, uwe unacheza, umesimamisha, au umeenda kutafuta petroli ya jenereta huku kompyuta ya mkononi ikiendelea kwa betri. Baadhi ya gemu hufungua kwanza programu ya pembeni ya kampuni iliyotengeneza, inayotaka uunde akaunti nyingine, na kumbe saa imeanza kuhesabu pale. Nyingine hupakua masasisho yao zikiwa zimeshafunguka, au hutayarisha picha za mchezo kwenye skrini ya mwanzo. Kwenye kompyuta dhaifu kazi hiyo inaweza kula nusu saa kabla hujaona uwanja wa mchezo. Nayo yote inahesabiwa.

Kwa hiyo jaribu kwa mpangilio. Dakika za mwanzo ziende kwenye mambo yatakayokufanya urudishe: je, gemu inafunguka bila kuzima, pedi ya kuchezea inatambulika, picha zinakwenda vizuri ukishusha ubora hadi chini, na kama ni ya kucheza na wengine, seva zinakupokea kwa intaneti ya hapa bila kuchelewa. Hadithi ya mchezo ingoje. Ukiona umefika dakika 90 na bado unasitasita, zima, kisha amua ukiwa nje ya gemu.

Siku 14 ni jambo jingine, na kwa intaneti yetu zinakimbia kuliko unavyodhani. Gemu ya GB 60, kwa mwendo wa megabiti 5 kwa sekunde usiokatika, inapakuliwa kwa saa 26 na zaidi. Ongeza kukatika kwa umeme wa SNEL, ongeza mega za intaneti zinazoisha usiku wa manane, na mtu anayepakua kidogokidogo anaweza kumaliza wiki nzima kabla ya kuijaribu. Hesabu inaanza siku ya kununua. Usinunue kwa sababu punguzo linaisha leo kama huna kifurushi cha kutosha wiki hii. Na mega ulizotumia hakuna duka litakalokulipa, ndiyo maana kusoma mahitaji ya gemu kwenye ukurasa wake, hasa kadi ya picha (kifaa cha kompyuta kinachochora picha za mchezo) na kumbukumbu ya RAM, kunaokoa pesa kuliko fomu yoyote ya malalamiko.

Ombi lenyewe ni fupi. Fungua help.steampowered.com, ingia kwa akaunti yako, nenda sehemu ya manunuzi, chagua gemu husika. Steam haina Kiswahili, kwa hiyo wengi hapa huitumia kwa Kifaransa. Tafuta chaguo la kurudishiwa pesa, si lile la msaada wa kiufundi, ambalo litakuzungusha kwenye maelezo ya kusasisha kadi ya picha. Mfumo utakuonyesha ulinunua lini na umecheza dakika ngapi. Chagua pesa irudi pochini au kwenye njia ya malipo, chagua sababu, andika sentensi mbili, tuma. Sababu haina uzito mkubwa ukiwa ndani ya masharti: "sikuipenda" inatosha. Ukiwa nje kidogo, kwa mfano dakika 135 kwa sababu gemu ilikuwa ikizima kila mara, bado unaweza kuomba, na ombi litaangaliwa. Hapo ndipo maelezo yana kazi. Andika kompyuta yako ni ya aina gani, gemu ilikwama wapi, ilizima mara ngapi. Usiandike hasira.

Usifute gemu kwenye kompyuta kabla ya jibu. Wakikataa, utalazimika kupakua GB zote upya.

Ombi likikubaliwa, Steam inasema pesa huingia ndani ya wiki moja, na njia za malipo za kimataifa huweza kuchelewa zaidi. Pochi ni ya haraka. Ikiwa pesa ilienda kwenye kadi na haionekani, benki itakuomba namba ya ufuatiliaji wa malipo ya kadi, wanayoiita ARN. Iombe kwa huduma ya Steam, uipeleke benki. Ukienda kaunta na picha ya skrini inayosema tu "imerudishwa", watakwambia urudi kesho.

Maudhui ya ziada ya gemu (DLC) yana kanuni karibu na hiyo: siku 14, na gemu mama iwe haijachezwa saa mbili tangu ununue nyongeza hiyo, mradi hujaitumia ikaisha. Gemu uliyoagiza kabla haijatoka unaweza kuirudisha wakati wowote kabla ya siku ya kutoka. Na hili wengi hawalijui: ukinunua leo na kesho gemu ikashushwa bei, kurudisha ili ununue tena kwa bei ya chini kunaruhusiwa waziwazi. Kisichoruhusiwa ni kugeuza marejesho kuwa ukumbi wa kucheza bure, gemu tano kila wiki. Watakuzuia. Na ukifungiwa na VAC, mfumo wa Steam wa kukamata wadanganyifu, kwa udanganyifu kwenye gemu, sahau kurudishiwa pesa yake.

PlayStation ni ulimwengu mwingine, na ni mkali zaidi. Siku 14 zipo pia, lakini haki inakufa pale unapoanza kuipakua au kuitiririsha mtandaoni bila kupakua, isipokuwa gemu ina kasoro. Hakuna dakika za kujaribu. Zaidi ya hapo, Kongo haimo kwenye orodha ya nchi za PlayStation Network, huduma ya mtandaoni ya PlayStation, kwa hiyo akaunti nyingi za mjini zimesajiliwa Ufaransa au Afrika Kusini na kujazwa kwa kadi za zawadi za nchi hiyo. Pesa ikirudi, inarudi kwenye pochi ya akaunti hiyo, kwa euro au randi. Nunua kupitia kivinjari cha simu, si kwenye konsoli, na uzime upakuaji wa moja kwa moja kwenye mipangilio, la sivyo konsoli iliyo katika hali ya usingizi itaanza kupakua yenyewe na kukupotezea haki ukiwa umelala.

Jambo hili la nchi zisizo kwenye orodha lilitugusa waziwazi Mei 2024. Sony, kampuni yenye PlayStation, ilitangaza kwamba wachezaji wa Helldivers 2 kwenye Steam watalazimika kuunganisha akaunti ya PlayStation, na gemu ikaondolewa sokoni katika nchi zaidi ya 170 zisizo na huduma hiyo. Watu waliokuwa wamecheza saa nyingi waliripoti kurudishiwa pesa, kwa sababu bidhaa ilikuwa imebadilishwa baada ya kuuzwa. Siku chache baadaye Sony ilirudi nyuma. Concord nayo, gemu nyingine ya Sony iliyotoka Agosti 2024, ilizimwa baada ya wiki mbili na wanunuzi wakarudishiwa pesa yote. Gemu ikivunjika kwa kosa la muuzaji, basi, hesabu ya dakika si neno la mwisho. Fuatilia tangazo, uombe mapema.

Maduka mengine ya gemu kwa ufupi. Epic inatumia siku 14 na saa mbili, ila sarafu za ndani ya mchezo hazirudi. GOG ndiyo yenye moyo mpana kuliko wote: siku 30, hata kama umepakua na kucheza. Nintendo huhesabu mauzo yote ya kidijitali kuwa ya mwisho, isipokuwa oda za mapema.

Kwenye simu, Google Play inakupa saa 48. Ingia play.google.com, fungua historia ya oda, tafuta namba inayoanza na GPA, kisha ripoti tatizo. Gemu ileile hurudishwa mara moja tu: ukiinunua tena, imebaki yako. Baada ya saa 48 mwandikie mtengenezaji wa gemu moja kwa moja. Kwa iPhone ni reportaproblem.apple.com, na malipo yakiwa bado hayajakamilika hutaweza kuomba, subiri yapite. Mtoto akinunua almasi za gemu kwa simu ya mama, omba kabla hazijatumika, kisha weka neno la siri kwa kila ununuzi.

Kama ombi limekataliwa na unahisi umeonewa, tuma la pili lenye maelezo mapya. Usikimbilie benki kuwaambia hukununua wewe. Benki inaweza kukurudishia pesa, lakini duka likiona malipo yamepingwa linaweza kufunga akaunti, na gemu zako za miaka iliyopita zinaweza kufungwa nayo hadi deni lilipwe. Na kama kadi ilikuwa ya yule kijana wa duka la simu, malipo yakipingwa kwa kadi yake, akaunti itakayofungwa ni yako.