Bulongo ya kichuguu mu bustani yangu, Lubumbashi

Watu wananiuliza nafanya nini mpaka lengalenga yangu inatoa majani mapana vile na mbolea ya duka sinunui. Ni kichuguu, lakini kichuguu peke yake hapana, hapo njo wengi wanaharibu.

Bulongo ya kwetu ni nyekundu na iko na asidi, sababu mvua ya kuanzia mwezi wa 11 mpaka wa 3 inaosha kalsiamu inaishusha chini kule mizizi ya mboga haifike. Mchwa nao wanafanya kinyume, wanapandisha bulongo ya mfinyanzi ya chini na kalsiamu inajikusanya mule mule, na vichuguu vya huku Katanga si vya juzi: kipimo kilichotolewa mwaka 2015 kilionyesha kimoja kiko na zaidi ya miaka 2000!

Mimi nilianza na chupa. Unaweka bulongo theluthi moja hivi, unajaza maji, unatikisa nguvu, unaacha. Mchanga unashuka palepale, mfinyanzi unaweza kukufanya ungoje mpaka kesho. Ya paseli yangu ilikuwa mchanga mwingi, ya kichuguu karibu yote mfinyanzi, na mfinyanzi mtupu ukipigwa na jua ya mwezi wa 9 unakuwa jiwe, si bure watu wanaichomea matofali.

Basi naivunjavunja vizuri, ndoo moja ya kichuguu kwa ndoo tatu za samadi ya mbuzi iliyokaa mpaka harufu imeisha pamoja na majani yaliyooza (majani naomba kwa majirani, wao wanayachoma tu, inaniuma kweli), nachanganya mpaka urefu wa jembe kabla mvua ya kwanza, kisha nafunika na nyasi kavu. Sasa nikifinya konzi moja inashikana, nikiigusa na kidole inaachana, na chini ya nyasi minyoo imejaa.

Kwa wale wanaolima karibu na viwanda: kalsiamu ya kichuguu inapunguza asidi, na asidi ikipungua mboga inavuta metali kidogo kuliko mbele, lakini vumbi ya juu ya majani haiondoke hivyo, muoshe tu vizuri.

Kichuguu siongeze kila mwaka. Samadi na majani njo kila msimu, sababu joto na mvua ya huku vinavimaliza mbio sana.