Prodyuza ninayemheshimu kuliko wote

Kwenye filamu zetu za hapa Mtwara mimi ndiye wa kuhangaika: barua kwa mwenyekiti wa mtaa, jenereta, wali na samaki wa watu wote, pa kulala waigizaji wanaotoka Dar. Kwa hiyo mtu wa Hollywood ninayemheshimu kuliko wote si staa wala mwongozaji. Ni Walter Mirisch, prodyuza, aliyefariki Februari 2023 akiwa na miaka 101.

Alianzia Monogram, kampuni ya filamu za bei rahisi, akitengeneza zile za Bomba, kijana wa msituni. Mwaka 1957 akafungua kampuni na kaka zake, Harold na Marvin. Wao wakashika mikataba na fedha, yeye akashika utengenezaji. Filamu tatu za kampuni hiyo zilishinda Oscar ya Filamu Bora.

Ya tatu, In the Heat of the Night, ndiyo inayonigusa. Kisa chake kinatokea jimbo la Mississippi, lakini nyota wake, mwigizaji mweusi Sidney Poitier, alikataa kurekodi Kusini mwa Marekani. Yeye na mwimbaji Harry Belafonte walishawahi kukimbizwa huko na Ku Klux Klan, kundi la Wazungu wabaguzi. Kumbe linawezekana: Mirisch na mwongozaji Norman Jewison wakauhamishia mji wote Sparta, Illinois, na mji wa kwenye kisa nao wakauita Sparta, ili vibao vya barabarani vibaki kama vilivyo. Hapo ndipo ninapomwona prodyuza kazini! Shamba la pamba ndilo lililowalazimu kwenda Tennessee kwa siku chache, na huko Poitier alilala na bastola chini ya mto.

Nilimkumbuka Mzee Mirisch tulipopanga kurekodi usiku Msimbati, ufukwe ulio mbali na mji. Dada aliyecheza nafasi kuu akasema njia ile ya mchanga, usiku, haendi. Mwongozaji akataka nitafute mwingine. Nikakataa, tukarekodi ufukwe wa Shangani, karibu na alikofikia, na akaigiza vizuri kuliko siku zote.

Sherehe za Oscar za 1968 ziliahirishwa kwa siku mbili kwa sababu ya mazishi ya Martin Luther King. Zilipofanyika Aprili 10, filamu ile ilipata tuzo 5. Ile ya Filamu Bora hupewa prodyuza, na aliyepanda jukwaani kuipokea ni Mirisch.